Kiwiko cha Uzio

Tarehe 4 Februari

Kwako mdogo wangu, fundi wa mashuka,

Kaka yako ni mzima, meno yangu bado ni yangu mwenyewe, hakuna hata moja la kuazima. Wifi yako anakusalimu, goti lake limegoma kazi lakini mdomo wake hauna ugonjwa wowote. Mjukuu wetu wa mwisho ameanza kutembea, anatembea kama karani aliyelewa. Yule mbuzi mweusi amezaa pacha. Mvua imetususa. Wewe je, bado unafua mashuka ya hospitali? Waambie wakubwa zako wakupumzishe, umri wetu si wa kushika pasi ya moto.

Naandika kwa mkono wangu mwenyewe, si kama wazee wengine wanaokwenda kupiga magoti kwa walimu waandikiwe. Herufi zangu ni kubwa kama matofali lakini ukuta unasimama. Simu siitaki. Ya simu yanapita na upepo, ya karatasi yanakaa.

Sasa sikiliza jambo lenyewe. Nimemshitaki Dereva.

Ndiyo huyo huyo, jirani yetu, mtoto wa marehemu Mzee Kofia. Unaukumbuka ule uzio wa minyaa kati yetu na wao. Unatoka barabarani umenyooka kama uzi wa fundi, unafika katikati ya kiwanja, halafu bila sababu unapinda kwenda upande wa Dereva, unafanya kiwiko, kisha unarudi kwenye mstari wake na kushuka hadi korongoni. Miaka yote hii umekuwa ukinichoma jicho. Watu hawakuniita Timazi, ule uzi wenye chuma wa kupimia ukuta wima, kwa kunipendelea. Mimi nimejenga shule, nimejenga zahanati, nimejenga nguzo za daraja ambazo mafuriko yamezishindwa. Ukuta wangu hata nzi akitua anateleza. Mtu kama mimi hawezi kutazama mstari uliopinda. Chai yangu nainywa nimeupa uzio mgongo.

Basi nikafikiri kwa akili ya kazi. Nani hupinda mpaka ili ampe mwenzake ardhi? Hakuna. Kwa hiyo ncha ya kiwiko ndiyo mpaka wa kweli, na kwingine kote Mzee Kofia alikuwa akitusogelea kidogo kidogo, akaja kukomea hapo tu. Na ushahidi ni mama. Kila jioni mama alikuwa akienda na kigoda chake na fagio, anakaa kwenye kiwiko, anafagia mpaka udongo unang'aa. Mama yetu afagie ardhi ya mtu? Mama, aliyekuwa hata sufuria ya jirani haoshi?

Nikamwita Dereva uzioni. Nikamwambia, "Uzio huu umepinda."

"Umepinda tangu ndevu zetu nyeusi, Timazi. Leo ndiyo umeuona?"

"Niliuona siku zote. Leo ndiyo nimepata nafasi."

Akacheka. "Basi Mungu akunyime nafasi." Lakini aliponitazama usoni kicheko kikamkauka. Akasema, "Ndugu yangu, mengine yote tutazungumza. Pale kwenye kiwiko pasiguswe."

Umesikia? Pasiguswe. Mtu mwenye mikono misafi husema hivyo?

Sasa nakuhitaji. Ule mwaka niliokuwa mbali kwenye kazi ya daraja, wewe ulikuwa nyumbani. Niliporudi nikakuta umekwisha hamia kwa shangazi. Sikumbuki kama uzio ulikuwa umepinda kabla sijaondoka, kijana haangalii minyaa. Niandikie ulichokiona, mimi nitakisoma mbele ya baraza la ardhi kwa sauti yangu.

Ni mimi kaka yako, Timazi, mtu asiyepinda.


Tarehe 27 Februari

Kaka yangu, shikamoo,

Nimefurahi kuona mwandiko wako. Msalimie sana wifi, mwambie goti alikande kwa maji ya moto yenye chumvi, asubuhi kabla hajalikanyagia chini. Mjukuu mbusu kwa niaba yangu. Mimi nipo. Mashine moja ya kufulia imekufa, kwa hiyo mashuka ya wodi ya wazazi tunayafua kwa mikono. Chumba chetu cha kupigia pasi kina mvuke mpaka hatuonani nyuso, tunafahamiana kwa vikohozi. Lakini nimezoea. Nimepewa wasichana wawili wa kuwafundisha kukunja, hawajui bado, wanakunja kama watu wanaokimbia moto.

Kuhusu uliloniuliza, sina la kusoma mbele ya baraza. Ule mwaka niliumwa, unajua, nilikuwa ndani muda mwingi.

Kaka, liache. Ule uzio haujamkosesha mtu usingizi ila wewe. Mna mipaka mingine yote imenyooka, itazame hiyo. Mzee Kofia hakuwa mwizi. Alikuwa mtu mwema kuliko watu wengi niliowahi kuwajua, na sisemi zaidi ya hapo. Na mama alikuwa anakaa pale kwa sababu pana kivuli. Usimtaje mama katika mashitaka, nakuomba.

Nina swali dogo. Siku hizi nani anafagia pale?

Mdogo wako.


Tarehe 30 Machi

Mdogo wangu,

Marahaba. Wifi yako amelikanda goti, sasa anatembea vizuri kiasi cha kunifuata mpaka uani kunisema. Pacha mmoja wa mbuzi amekufa. Paa la jiko linavuja, lakini fundi wa nyumba hii yuko kwenye mambo makubwa.

Nani anafagia? Nani afagie minyaa? Pamejaa majani, panya wanazaliana humo. Na kivuli gani unachokisema? Minyaa ina kivuli? Mdogo wangu, mvuke umekuingia kichwani.

Tumekwenda baraza. Nilivaa lile koti langu la harusi, bado linafunga vifungo vyote isipokuwa cha tumboni. Mwenyekiti wa baraza ni kijana niliyemjengea baba yake nyumba, kwa hiyo nilijua nimekwisha shinda. Nikasimama, nikazungumza. Watu waliokuwa wamelala kwenye mabenchi waliamka. Nikaeleza habari ya mstari, nikaeleza habari ya mama na fagio. Dereva alikaa ameinamisha kichwa, anazungusha kofia yake mikononi kama usukani.

Mwenyekiti akamwuliza, "Mzee, wewe unasemaje? Huu uzio ulipindwa na nani?"

"Na baba yangu."

"Kwa nini?"

"Alikuwa na sababu."

"Sababu gani?"

Dereva akasema, "Mimi sidai kitu. Uzio ubaki kama ulivyo. Hata hicho kiwiko abaki nacho, mimi sikihitaji."

Baraza likaona limepata asali. Likaamua uzio ubaki kama ulivyo, tupeane mikono, twende nyumbani. Dereva akanyoosha mkono. Mimi sikunyoosha. Nipewe kiwiko kama sadaka? Mtu anayekubali haraka hivyo ana kitu amekalia. Nikawaambia pale pale, "Ninyi ni baraza la kupatanisha walevi. Mimi nakwenda mahakamani."

Nje Dereva alinishika kiwiko cha mkono. Akasema kwa sauti ya chini, "Timazi, mwandikie dada yako kwanza." Nikamwambia dada yangu nimekwisha mwandikia, na habari za dada yangu hazikuhusu.

Nimefungua kesi. Karani amegonga mihuri mpaka meza ikalia.

Ni mimi kaka yako, Timazi, mwenye koti.


Tarehe 22 Aprili

Shikamoo kaka,

Sina habari nyingi. Kazi ni ile ile. Mmoja wa wale wasichana wangu ameacha, alikuta kitu kwenye mashuka, hakuweza kukivumilia. Nilimwambia mtu huzoea. Nilimdanganya.

Dereva amekwambia uniandikie, nawe hukuniuliza kwa nini. Ungeniuliza, kaka.

Usiende mahakamani. Mlikwisha pewa amani, ichukueni. Nenda kampe mkono, sema ulikuwa na homa. Hakuna atakayekucheka. Wahenga walisema kimya kingi kina mshindo mkuu, na wewe unakitikisa kimya ambacho si chako.

Niambie jambo moja tu. Mahakama ikileta wapima ardhi, watachimba? Wanachimba wapi?

Mdogo wako.


Tarehe 18 Juni

Mdogo wangu,

Tuko wazima. Mvua ilikuja mara moja ikaharibu, ikaondoka. Wifi yako anasema barua yako ilikuwa na ukali, mimi nimesema ni uchovu. Nilichelewa kujibu kwa sababu mtu mwenye kesi hana mikono ya kalamu.

Mahakama si mchezo. Chumba kirefu, madirisha juu kabisa, sakafu ya saruji iliyomwagwa na mtu asiyejua pimamaji, maji ya deki yote yanakimbilia upande wa mshitakiwa. Hakimu ni mwanamke mwenye miwani, hapandishi sauti, hacheki. Ukizungumza, anaandika. Nikiongeza sauti ili aelewe vizuri, anasema, "Mzee, nasikia."

Nikatoa ushahidi wangu. Nikasema mama yangu alikaa pale jioni zote za uzee wake, akafagia pale kwa mikono yake, na mwanamke yule hakuwahi kukanyaga mali ya mtu.  Hata mimi mwenyewe nilipangusa jicho, ni vumbi.

Kisha ikawa zamu ya Dereva. Alipanda kizimbani polepole, mguu mmoja unamburuta siku hizi. Hakimu akamwuliza, "Kwa nini baba yako alipinda uzio?"

Akaizungusha tena kofia yake mikononi.

"Mzee, unajua au hujui?"

"Najua."

"Sema."

"Siwezi kulisema, mheshimiwa. Si langu. Nilimwahidi baba yangu."

Hakimu akavua miwani. "Unafahamu kimya chako kinaweza kukugharimu?"

"Kinigharimu tu, mheshimiwa."

Mdogo wangu, nilitaka kuruka! Umeona? Mtu amekosa jibu mbele ya serikali. Mwanawe, yule mwenye duka la mbao, alitoka nje akabamiza mlango. Hapo hapo hakimu akaamuru mpima wa serikali aje atafute mawe ya mpaka, yale ya zamani kabisa yaliyowekwa kabla ya minyaa. Umeuliza wanachimba wapi. Watachimba miisho miwili, barabarani na korongoni, wakiyapata mawe watavuta mstari. Mstari ulionyooka, mdogo wangu! Nimesubiri maisha yangu yote mtu wa serikali aje na kusema hivyo.

Ni mimi kaka yako, Timazi, aliyemnyamazisha Dereva.


Tarehe 3 Julai

Kaka,

Barua hii nimeiandika na kuichana, nimeiandika na kuichana. Leo naituma kabla sijaisoma.

Dereva hukumnyamazisha wewe. Alinyamaza kwa ajili yangu.

Ule mwaka uliokuwa kwenye daraja sikuugua. Nilizaa. Usimfikirie Dereva, si yeye. Mwenyewe alikuwa mmoja wa watu waliopita na kazi ya barabara, alipita nayo. Nilizalia chumba cha nyuma, mama akinishika. Alikuwa msichana. Aliishi mchana mmoja. Alikuwa na nywele nyingi, kaka, mama alizilowesha akazichana.

Baba alisimama mlangoni. Alisema, "Ardhi yangu hailazi mtoto asiye na baba." Alimwambia mama akamtupe mahali popote, yeye asijue ni wapi. Mama alilia mpaka uani. Mzee Kofia alikuwa ng'ambo ya uzio anakata majani ya mbuzi, akasikia. Hakuuliza kitu. Alisema tu, "Basi alale kwangu."

Alimchimbia yeye mwenyewe, karibu kabisa na minyaa, upande wake. Akaenda korongoni akaleta mawe laini ya maji, akayapanga mviringo. Mvua zilipoanza akang'oa minyaa mahali pale, akaipanda upya kumzunguka, ili mtoto abaki upande wetu. Dereva ndiye aliyembebea miche. Mzee Kofia alimwambia mama, "Usiwe unavuka uzio wa mtu kwenda kumwona mjukuu wako." Baba aliuona ule mpindo siku ya pili. Hakusema neno mpaka anakufa.

Hicho ndicho kiwiko, kaka. Hakuna aliyekuibia. Kuna mtu alitupa.

Ndiyo maana mama alikuwa akifagia. Ndiyo maana mimi huwa siji. Nikija nitakaa pale, na watu watauliza.

Futa kesi. Kubali uamuzi wa baraza, uzio ubaki kama ulivyo. Usimwambie mtu yeyote kwa nini, hata wifi. Hilo tu. Sijawahi kukuomba kitu kingine.

Mdogo wako.


Tarehe 29 Julai

Mdogo wangu,

Umenyamaza. Labda unajibu lakini shule imefungwa, na sanduku letu la barua liko ofisini kwa mwalimu mkuu, naye amekwenda kwao na ufunguo. Hii nampa kondakta wa basi aiposti huko mjini.

Habari si nzuri. Wifi yako ameacha kunisema, hiyo ndiyo dalili mbaya kuliko zote.

Mpima alikuja na vijiti vyake vyekundu. Nikamfuata nyuma, nikimsaidia kwa maelezo, akaniambia niketi. Wakachimba barabarani, wakapata jiwe la zege lenye chuma katikati. Wakachimba korongoni, wakapata la pili. Wakavuta mstari. Umenyooka, sikatai, umenyooka kama nilivyotaka. Lakini umepita kule kule minyaa inakopita, na kiwiko chote kimebaki upande wa Dereva. Si wao waliotusogelea. Kiwiko ndicho kilichokuwa chao, tena tumekikalia miaka yote hiyo.

Hakimu akasoma hukumu. Mpaka ni mstari wa mawe. Uzio ung'olewe, kila mtu akae kwake, na mimi nisivuke tena. Dereva akasimama akasema, "Mheshimiwa, mimi nilisema uzio ubaki." Hakimu akamwambia, "Mzee, mngebaki barazani hilo lingewezekana. Huku mwenzako aliomba mpaka wa kisheria, nao ndio huu." Mwanawe akaguna, "Na tumeupokea." Kiwanja chao kiko kwa jina la kijana, nimejua siku hiyo.

Nilitoka pale damu inachemka. Nikasema hakuna mtu atakayening'olea uzio. Nikachukua sururu, nikaanza mwenyewe kwenye kiwiko. Nilitaka waone kwamba mzee bado ana mgongo. Utomvu wa minyaa uliniingia jichoni, mpaka leo naona ukungu. Chini ya majani yaliyojaa pale nilikuta mawe ya korongoni, madogo, laini, mtu ameyapanga mviringo, mchezo wa watoto nadhani. Yalikuwa yananikwaza miguu. Nikayatupa yote korongoni.

Nitakata rufaa. Timazi hashindwi mara moja.

Kaka yako.


Tarehe 16 Agosti

Mdogo wangu,

Shule imefunguliwa leo. Nimepata barua yako ya Julai.

Nilikuwa nimesimama kwenye kibaraza cha mwalimu mkuu. Aliniletea kiti, akauliza kama kuna msiba. Nikasema hapana.

Ile ya kwangu ya mwisho, kama haijakufikia, usiisome. Ikifika ichome.

Sina la kuandika. Rufaa sikati. Nimekaa tangu mchana, nimeandika hii tu.

Kaka.


Tarehe 9 Septemba

Kaka, shikamoo.

Imefika. Nimeisoma.

Sikulaani. Ulitupa mawe hujui ni mawe gani. Lakini kwa sasa usiniandikie habari za pale. Nimerudishwa kufua kwa mikono, vidole vimevimba, na sina nguvu ya kuwaza mambo mawili kwa pamoja.

Dereva anaendeleaje? Nimesikia amelala, anaumwa.

Mdogo wako.


Tarehe 21 Oktoba

Mdogo wangu mpenzi,

Wifi yako anakusalimu sana. Anaona mimi ni mgonjwa, sijamwambia kitu, kama ulivyotaka. Mjukuu anatembea vizuri sasa. Yule pacha wa pili amenenepa. Ulisema nisikuandikie habari za pale, nimevumilia nimeshindwa. Soma mara moja tu, kisha fanya utakavyo.

Nilikwenda kwa Dereva. Mwanawe alinikuta mlangoni, ana vumbi la mbao mpaka kwenye nyusi. Akasema, "Umekuja kupima na kitanda cha baba?" Zamani ningemjibu jibu la kumlaza njaa. Siku hiyo nilivua viatu tu. Sauti ya Dereva ikatoka ndani, "Nani huyo? Mwache aingie, fundi hapigi hodi."

Amebaki ngozi na macho. Upande mmoja umekufa. Niliketi ukingoni mwa kitanda. Sikujua nianzie wapi, mimi niliyeamsha watu barazani. Akanitazama, akasema, "Amekuandikia."

Nikaitikia kwa kichwa.

"Alikuandikia kabla au baada?"

"Kabla. Barua ilifungiwa."

Akafumba macho. Akasema, "Ilikuwa miche mizito ile. Baba hakutaka niburute hata mmoja." Baadaye akasema amemkataza kijana asichimbe pale wala asijenge. "Nikiwa hai hatachimba. Nikifa, sijui, Timazi. Na sababu sikumwambia. Si yangu."

Nilimwambia nimekosa. Akaniuliza, "Umesema nini?" Nadhani alisikia, alitaka nirudie. Nikarudia.

Tulimzika mwezi uliopita. Nilibeba jeneza upande wa nyuma, kijana hakunizuia.

Nimeshuka korongoni kutafuta mawe. Kuna mawe mengi kule, na jicho langu moja lina ukungu. Niliyoyapata ni machache, yenye udongo mwekundu wa kwetu juu yake, hayo ndiyo nina hakika nayo. Mengine siyajui. Nisamehe hayo mengine.

Baada ya maziko kijana alikuja uani kwangu. Akasema, "Mzee, jenga ukuta kwenye mstari wako, tusiwe tunaonana." Hukumu inasema nisivuke, nami sivuki. Basi nimejenga. Nimejenga peke yangu, upande wangu wa uzi, kutoka barabarani hadi korongoni. Watu walisimama barabarani kutazama, maana walijua Timazi anajenga ukuta wake wa mwisho, lazima uwe wa kusimuliwa.

Mahali kilipokuwa kiwiko niliacha tundu. Linaanzia chini kabisa, linafika kifuani kwa mtu aliyekaa kwenye kigoda. Mkono unapita vizuri hadi begani. Mawe niliyoyapata nimeyarudisha kwa kuyasukuma moja moja kupitia humo, nimeyapanga nilivyoweza, nimelala kifudifudi. Kijana alinikuta nimelala hivyo. Alikuja kwa upande wake, akainama, akanitazama tunduni.

"Mzee Timazi, hapa vipi? Matofali yaliisha?"

Watu wa barabarani walikuwa wamesogea, wanasikia. Mwenyekiti wa baraza alikuwepo. Nilikuwa na majibu mengi, ya kweli na ya uongo, na ya kweli ndiyo yangemfunga mdomo maisha yake yote.

Nikasema, "Nimekosea."

"Umekosea? Wewe?"

"Nilikosea kuhesabu kuanzia chini, nikagundua nimefika juu. Macho yamekwisha, mwanangu. Kubomoa siwezi tena."

Walicheka. Mmoja akasema, "Timazi imekatika uzi." Jina hilo limeshika, watoto wananiita hivyo nikienda dukani.  Kijana alitazama yale mawe, akanitazama mimi, akaondoka zake. Hajayagusa mpaka leo. Kesho sijui.

Njoo kabla mvua hazijaanza. Hakuna atakayeuliza kwa nini umekaa pale, watajua umekuja kuona ukuta uliomharibikia kaka yako. Kigoda cha mama nimekitengeneza mguu. Fagio lake nimelipata darini. Nimelifunga mpini mrefu, unapita tunduni. Nimejaribu jana jioni. Linafika.

Ni mimi kaka yako.